Muulize Mjomba: Mkopo wa milioni 60, malipo milioni 200

Toleo lililopita niliandika sentensi moja tu, tena pembeni, kwamba anayetaka mkopo wa nyumba asianze kuuliza makato ya mwezi bali aulize jumla atakayokuwa ametoa siku anayokabidhiwa hati yake. Sentensi hiyo imeniletea barua nyingi kuliko yote niliyowahi kuandika juu ya viwanja na mirathi. Basi leo ukurasa wote ni wa mikopo ya nyumba. Kwa wageni wa safu hii: nilikaa dawati la mikopo ya nyumba hapa Dar es Salaam mpaka nilipostaafu, na ninayoyajibu ni yale niliyokuwa natamani wateja wangu waniulize kabla ya kusaini.

SWALI: Shikamoo Mjomba. Mimi ni mkufunzi wa chuo hapa Morogoro, nina miaka 39. Kuna nyumba ya vyumba vitatu Kihonda inauzwa milioni 75, ina hati safi. Nina akiba ya milioni 15, na benki imekubali kunikopesha hizo 60 zilizobaki kwa riba ya asilimia 16, miaka 20. Afisa ameniambia makato ni kama laki nane na thelathini na tano kwa mwezi. Mshahara unayabeba. Sasa hivi nalipa kodi ya laki mbili na nusu, na nimechoka kugongewa mlango kila baada ya miezi sita. Wewe unasema tusiangalie makato. Niangalie nini?
Mkufunzi, Morogoro

JIBU: Marahaba, Mwalimu. Afisa wako hajakudanganya. Nimekokotoa mwenyewe: milioni 60 kwa asilimia 16, miezi 240, rejesho linatoka shilingi 834,754. Zidisha kwa 240 utapata milioni 200 na laki tatu. Maana yake utarudisha ile 60 uliyopewa, na juu yake milioni 140 za riba. Weka na 15 zako za kianzio, nyumba ya Kihonda imekugharimu milioni 215, na hapo hatujagusa ada wala bima.

Jumla hiyo inatisha, lakini kutisha hakusaidii kitu mpaka ujue imefikaje huko. Mwambie afisa akuchapie jedwali la marejesho, mistari yote 240. Usikubali akugeuzie skrini kidogo uone halafu airudishe. Ukishaipata karatasi, kaa nayo mezani nyumbani, usome mstari wa kwanza. Asilimia 16 kwa mwaka ni asilimia 1.33 na kitu kwa mwezi, na kwa deni la milioni 60 hiyo ni laki nane kamili. Kwa hiyo katika 834,754 utakazokatwa mwezi wa kwanza, 800,000 ni riba. Zinazopunguza deni ni 34,754. Mwezi wa pili riba itakokotolewa kwenye deni lililopungua kwa hizo elfu thelathini na nne na ushee, hivyo itashuka kwa shilingi 463. Nauli ya daladala haitoshi hapo.

Shuka mpaka mstari wa 12. Umetoa milioni 10, na deni linasoma milioni 59 na laki tano na nusu. Shuka mpaka mstari wa 60, miaka mitano. Umetoa milioni 50, deni linasoma milioni 56.8. Huu ndio mstari uliokuwa unaleta kelele ofisini. Mtu kahamishwa kikazi, anataka kuuza nyumba alipe benki abaki na chake; anaomba salio, anaoneshwa milioni 56, anasema kompyuta imekosea. Haijakosea. Deni lako litafika nusu, yaani milioni 30, mwaka wa 16 ukikaribia kwisha. Nusu iliyobaki inalipwa ndani ya miaka minne ya mwisho.

Kwa kuwa riba imerundikana mwanzoni, na nafasi yako ya kuipunguza iko mwanzoni. Mkopo huohuo ukiusaini kwa miaka 15, makato yanakuwa 881,221. Umeongeza elfu 46 na mia tano hivi kwa mwezi, na jumla imeshuka kutoka milioni 200 hadi milioni 158.6. Umeokoa milioni 41 na laki saba kwa pesa ambayo wengine wetu tunaimaliza kwenye vocha na chipsi. Ukiweza miaka 10, makato ni 1,005,079 na jumla ni milioni 120.6. Na kuna jambo moja nataka walisome hata wasio wewe: anayeambiwa "chukua miaka 25 ili makato yawe mepesi" apige hesabu kwanza. Kwa mkopo kama wako makato yangepungua shilingi 19,421 tu, na jumla ingepanda kufika milioni 244 na laki sita. Huo wepesi ni wa bei mbaya sana. Wewe hata hivyo hawatakupa 25, maana ukiwa na 39 utafika 60 kabla haujaisha, na benki hazipendi kukata pensheni.

Njia ya pili ni kulipa cha ziada mapema. Tuseme umesaini miaka 20, mwaka wa kwanza ukaisha, ukapata malimbikizo ya mshahara au ukauza shamba la urithi, ukapeleka milioni 2 zipunguze deni lenyewe, kisha ukaendelea na makato yaleyale. Mkopo utaisha miezi 38 kabla ya wakati wake. Milioni 2 zimefuta makato ya miaka mitatu na miezi miwili, na ukishazitoa zenyewe umeokoa karibu milioni 30. Milioni 2 hizohizo ukizipeleka mwaka wa 18 hazifanyi hata robo ya kazi hiyo.

Hapa kuna mtego, na usome kipengele chake kabla ya kusaini. Uliza mambo mawili: je, kuna tozo ya kulipa kabla ya muda, na je, cha ziada kikiingia, kinapunguza muda au kinapunguza makato? Mifumo mingi ukiiacha yenyewe inakupunguzia makato na kuuacha muda palepale. Unafurahi mwezi ujao umekatwa kidogo, kumbe sehemu kubwa ya faida umeirudisha benki. Kila unapopeleka cha ziada andika barua, weka na nakala yako yenye muhuri: "Naomba kiasi hiki kipunguze deni la msingi na muda wa mkopo, makato yabaki kama yalivyo."

Kuhusu ada: tenga milioni tatu hadi nne taslimu pembeni ya hiyo 15. Kuna ada ya benki ya kuandaa mkopo, mthamini aliyesajiliwa, mwanasheria, upekuzi wa hati, usajili wa rehani, na ushuru wa stempu wa asilimia 1 kwenye uhamisho, ambao kwa nyumba ya milioni 75 ni laki saba na nusu. Kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto ya nyumba. Utaambiwa kwa upole, "Usihangaike mama, tunaweza kuziingiza kwenye mkopo." Kataa. Kwa riba yako na muda wako, kila milioni moja inayoingia kwenye mkopo inatoka milioni tatu na laki tatu. Bima ya miezi 12 utailipia miaka 20.

Umetaja kodi unayolipa. Watu wanapenda kusema kodi ni hela iliyotupwa. Kodi yako ni milioni 3 kwa mwaka. Riba ya mwaka wa kwanza wa mkopo huu ni milioni 9 na laki tano na nusu, nayo haijengi hata choo. Sisemi usinunue. Nasema usinunue kwa sababu ya kuikimbia kodi.

Ushauri wangu kwako: ukibaki na theluthi moja ya mshahara baada ya makato yote, sheria imeridhika, mimi siridhiki mpaka ubaki na nusu, maana mama mwenye nyumba ana mabomba, ana ukuta, ana wageni. Kama kwa miaka 15 unabaki na nusu, chukua miaka 15. Kama hubaki, mwombe muuzaji ashuke bei kwanza. Wanunuzi wa Kihonda wenye taslimu ya benki si wengi kiasi hicho, na yeye anajua.

SWALI: Mjomba, benki inanipa asilimia 16 kwa miaka 10, lakini kuna taasisi ya mikopo hapa mtaani inanipa asilimia 10 kwa miaka hiyohiyo. Milioni 60 vilevile. Mke wangu anasema tuwaache benki. Kuna ubaya?
Fundi umeme, Mbeya

JIBU: Waulize hao wa asilimia 10: riba mnaikokotoa kwenye salio linalopungua, au kwenye mkopo wote wa mwanzo mpaka mwisho? Naotea ni hiyo ya pili. Asilimia 10 ya milioni 60 ni milioni 6 kwa mwaka, mara miaka 10 ni milioni 60. Jumla 120, gawa kwa miezi 120, makato ni milioni moja kamili. Benki yako kwa asilimia 16 ya salio linalopungua makato ni 1,005,079. Wamepishana shilingi elfu tano.

Hiyo asilimia 10 ni 16 iliyovaa suti. Unaendelea kulipia riba ya milioni 60 hata mwaka wa tisa ambapo deni lenyewe limebaki milioni 10 na kitu. Na ukitaka kumaliza mapema, wengi wa namna hii wanakudai riba yote iliyobaki kana kwamba umekaa nayo. Mwambie shemeji alinganishe makato na jumla, asilimia aziache kwenye bango.

SWALI: Shikamoo. Mume wangu ameleta fomu ya benki anataka nisaini. Anasema ni utaratibu tu. Nyumba yetu ya Tabata tuliyoijenga kwa miaka mingi anaiweka dhamana akope mtaji wa duka la vifaa vya ujenzi. Nyumba haina deni lolote. Nikikataa ataona simwamini.
Mama wa watoto watatu, Dar es Salaam

JIBU: Marahaba, binti yangu. Si utaratibu tu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka rehani ya nyumba ya ndoa isainiwe au iridhiwe na mwenza, na waliotunga kipengele hicho walikuwa wanakufikiria wewe hasa. Sahihi yako ina uzito sawa na hati.

Usikatae, na usisaini leo. Mwambie: "Baba, nitasaini tukishakaa na jedwali la marejesho." Akikuletea, uliza maswali ya mke wa mfanyabiashara: duka litaanza kuingiza mwezi wa ngapi, na makato yanaanza mwezi wa ngapi? Katikati hapo tunalipa na nini? Mkopo wa kununua nyumba unabebwa na mshahara unaokuja kila tarehe 25. Huu unabebwa na saruji ambayo bado haijauzwa. Makato yakikwama, benki inatakiwa itoe notisi ya siku 60 kabla ya kuuza. Siku 60 ni nyingi kwa mwenye ndugu wenye pesa.

Nimeona wanawake walioletwa mezani kwangu wamevaa vizuri, wakaulizwa "Umeelewa mama?" wakaitikia kwa kichwa, wakasaini kurasa sita bila kuketi sawasawa. Nilikuwa nawaambia waume watoke nje kidogo wakanunue maji. Wapo waliosaini baada ya maelezo, tena kwa moyo mmoja. Wapo waliokunja fomu wakaweka kwenye mkoba. Vyote viwili ni sawa.

SWALI: Salaam aleikum Mjomba. Niko Mombasa, nasoma safu yako kila mwezi. Nimepewa mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 6 za Kenya, asilimia 16, miaka 20. Wakili ameniambia riba si ya kudumu, inaweza kupanda. Ikipanda asilimia mbili tu, si ni kitu kidogo?
Msomaji, Mombasa

JIBU: Waaleikum salaam, ndugu yangu. Sikiza. Kwa asilimia 16 unalipa 83,475 kwa mwezi. Ikipanda 18 pale mwanzoni, mkopo huo unataka 92,599. Ni elfu tisa zaidi kila mwezi, si kitu kidogo kwa nyumba yenye karo za shule.

Linaloumiza zaidi ni hili: benki nyingine haziongezi makato, zinaongeza muda, na mteja hajui. Sasa tazama. Asilimia 18 ya milioni 6 ni 90,000 kwa mwezi za riba peke yake. Wewe unalipa 83,475. Makato hayafikii hata riba, kwa hiyo deni linapanda kila mwezi unaolipa kwa uaminifu. Hapo muda hauongezeki kwa miaka mitano wala kumi, hauna mwisho. Ikitokea barua ya benki inasema riba imebadilika, usiangalie kama makato yamebaki palepale ukashukuru. Omba salio la mwezi huu na la miezi mitatu ijayo.

Wala si hadithi za kubuni. Nyinyi wenyewe mliyaona mwaka 2011. Januari kiwango cha riba cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 5.75, kufika Desemba kilikuwa asilimia 18, na waliokuwa na mikopo ya nyumba yenye riba ya kupanda na kushuka wakafuatwa na barua. Baadaye, Septemba 2016, ikaja sheria ya kufunga riba isizidi pointi nne juu ya kiwango hicho, na Novemba 2019 ikaondolewa. Kwa mkopo wa miaka 20 utapita kwenye hali ya hewa ya kila aina.

Mawili ya kwenu yanayonivutia. Sheria ya Benki ya Kenya, kifungu cha 44A, inasema mkopo ukishakuwa mbovu, riba inayodaiwa kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwapo siku hiyo. Kinga hiyo inafanya kazi ukishaanguka, haikuzuii kuanguka. La pili, kabla hujasaini hiyo 16, uliza kwenye benki na sako (vyama vya akiba na mikopo) zinazopata fedha kutoka KMRC, kampuni iliyoundwa kuwapa wakopeshaji fedha za muda mrefu za nyumba, kama unaingia kwenye masharti ya mikopo yao ya riba chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9 milioni 6 zako zinalipwa kwa 53,984 kwa mwezi, jumla karibu milioni 13, badala ya milioni 20. Safari ya kuuliza inafaa hata kama utaambiwa hapana. Na usisahau ushuru wa stempu, mjini ni asilimia 4 ya thamani, unalipa mnunuzi, na haumo kwenye mkopo.

SWALI: Mjomba, kwa heshima, unatutisha. Milioni 200 za miaka 20 ijayo si milioni 200 za leo. Nilianza kazi mshahara laki mbili, leo ni milioni na nusu. Kama kila mtu angekusikiliza wewe tungekuwa wapangaji mpaka kaburini. Na hao wanaojenga mdogo mdogo mbona huwasemi? Na benki zetu, mbona hazishushi riba?
Mwenye nyumba, Arusha

JIBU: Barua ya mtu aliyefikiri, na una haki. Nimepiga hesabu yako. Tukichukua kwamba bei zinapanda asilimia 4 kila mwaka, yale makato 240 ya Mwalimu wa Morogoro, yakipimwa kwa shilingi ya leo, ni kama milioni 138. Si 200. Bado ni zaidi ya mara mbili ya alichopewa, lakini si 200, na anayekopa nyumba akiwa na mshahara unaopanda atayaona makato yakiwa mepesi mwaka wa kumi kuliko wa kwanza. Kasoro ya hoja yako ni moja: makato hayangoji mshahara upande. Mwaka wa pili na wa tatu ndiyo watu wanaangukia, wakaenda kuziba pengo kwa wale wa kausha damu.

Kujenga mdogo mdogo nakuheshimu, nami mwenyewe ndivyo nilivyojenga. Chukua Mwalimu yuleyule mwenye 834,754 kila mwezi. Akitoa kodi ya laki mbili na nusu, anabaki na 584,754 za tofali, nondo na fundi. Tukisema kiwanja na nyumba ya kiasi chake vinataka milioni 60 kwa bei za leo, na bei zinapanda asilimia 4, atamaliza baada ya miaka kumi na nusu hivi, akiwa ametoa kama milioni 105, kodi ikiwemo. Karatasini ameshinda.

Mtaani si karatasini. Nondo zilizosimama mwaka mzima zinapata kutu, na zisizopata kutu zinapata miguu. Fundi wa msingi siye fundi wa lenta, na kila mmoja anabomoa kidogo alichokuta. Mwenye nyumba anapandisha kodi. Ada ya mtoto inakula fedha ya mabati. Wengi tunahamia ikiwa imepauliwa tu, haina dari, madirisha tumeziba kwa maturubai, na hapo ndipo kodi inapokoma na ujenzi unapokimbia. Anayeweza kuvumilia maisha hayo na familia yake ikamvumilia, hakuna benki itakayompa mkopo wa bei hiyo. Asiyeweza, asione haya kukopa, ila akope muda mfupi na alipe cha ziada mapema.

Umeuliza pia, kwa ukali kidogo, kwa nini benki zetu hazishushi riba. Sababu ni kadhaa, nakupa moja ambayo kila afisa anaijua na hakuna anayeiandika kwenye kipeperushi. Aprili 2021 serikali ilitoa hatifungani ya miaka 25 yenye riba ya asilimia 15.95. Benki ikiikopesha serikali haina haja ya kupima kiwanja, kumtafuta mume, wala kumwandikia mtu notisi. Wewe na nyumba yako ya Njiro utamshawishi nani akukopeshe kwa 10? Kampuni ya TMRC, inayozipa benki zetu fedha za muda mrefu, imesaidia muda wa mikopo kurefuka. Kurefuka muda nimeshasema ninavyokuona.

SWALI: Mjomba, mimi ni Muislamu, riba siitaki kabisa. Benki imeniambia itanunua nyumba iniuzie kwa faida, nilipe kidogo kidogo. Huku nako kuna la kuuliza?
Msomaji, Tanga

JIBU: Lipo, na ni rahisi kuliko kwa wenzako. Katika murabaha, yaani mauzo ya namna hiyo uliyoelezwa, bei ya kuuziwa inatajwa siku ya kwanza na haipandi baadaye, kwa hiyo jumla unaijua kabla hujasaini. Wale wa riba ya kupanda na kushuka hawaijui. Gawa jumla hiyo kwa bei ya taslimu ya nyumba, kisha linganisha na benki nyingine za namna hiyo. Uliza pia ukilipa mapema watakupunguzia kitu. Kwa kawaida hawalazimiki na hawaahidi kwenye mkataba, lakini baadhi hupunguza kwa hiari yao. Mtafute aliyewahi kumaliza mapema kwao umuulize alipata nini. Kama wanakupa mfumo wa ubia, ambapo unanunua fungu la benki pole pole huku ukilipa kodi ya fungu lililobaki, uliza kodi hiyo inapitiwa kila baada ya muda gani, maana hapo inaweza kupanda.

SWALI: Nimemaliza mkopo wangu wa nyumba miezi saba iliyopita. Benki wamenipongeza kwa ujumbe wa simu. Hati bado wanayo. Nisubiri?
Mstaafu, Kimara

JIBU: Hongera sana, mzee mwenzangu, na usisubiri. Ujumbe wa simu hauondoi rehani. Kwenye daftari la Msajili wa Hati nyumba yako bado inasomeka kwamba imefungwa na benki, na ukifariki leo watoto wataanza kukimbizana na deni lililokwisha. Iandikie benki barua uombe vitu vitatu: taarifa ya mkopo inayoonesha salio sifuri, hati ya kuondoa rehani iliyosainiwa na kugongwa muhuri, na hati yako ya nyumba yenyewe. Hiyo ya kuondoa rehani inatakiwa isajiliwe. Uliza kama wanaisajili wao au wewe, na ada ni ya nani. Mikataba mingi inamwachia mkopaji. Ikishasajiliwa, lipia upekuzi mpya wa hati yako uone rehani imefutwa. Kagua pia kama bima ya mkopo imesimamishwa, kwa sababu nimekuta wastaafu wakikatwa bima ya deni ambalo halipo. Nenda na kitambulisho cha taifa, na risiti ya rejesho la mwisho kama unayo.